Uzi: Kopo la spre likiisha linatupwaje, na linasafirije kwenye ndege, basi na gari

Kaskazi (mwanzisha uzi)

Wadau, mvua zikianza, dawa ya mbu ya kupuliza hununuliwa kila duka la mtaani. Wiki chache baadaye makopo yake yako kwenye shimo la taka nyuma ya nyumba, yakisubiri kiberiti. Uzi huu ni wa makopo hayo na ndugu zake wote: marashi ya mwili ya kupuliza, spre ya nywele, povu la kunyolea, rangi ya spre, spre ya kulainisha bawaba. Mwenye ujuzi aongeze, mwenye swali aulize.

Jambo moja ndilo linalobeba mengine yote: kopo lililokwisha dawa halijaisha presha.

Ndani mna vitu viwili, bidhaa yenyewe na gesi ya kuisukuma. Tangu Mkataba wa Montreal wa 1987 ulipoziwekea kikomo gesi za CFC zilizokuwa zikiharibu tabaka la ozoni, makopo mengi sana yanatumia butani na propani, yaani gesi ileile ya mtungi wa kupikia. Imo humo ikiwa kimiminika. Maadamu kimiminika hicho hakijaisha, presha haishuki, kopo liwe jipya au limebaki robo. Kwenye nyuzi 20 butani peke yake ina presha ya bar 1 hivi juu ya ile ya hewa, na propani bar 7. Viwanda huzichanganya ili kopo lipate bar 3 au 4. Tairi la gari dogo lina kama bar 2.2, kwa hiyo kopo la chumbani linalishinda. Joto likifika nyuzi 50, butani hupanda hadi bar 4 na propani hadi bar 16. Ile nyuzi 50 iliyoandikwa kwenye kopo inatokana na hesabu hiyo.

Kulimaliza vizuri: toka nje, kaa kivulini penye upepo, mita tano au zaidi kutoka kwenye jiko, sigara, jenereta au pikipiki iliyowashwa. Shika kopo wima, bonyeza sekunde tano, pumzika, bonyeza tena. Usibonyeze mfululizo. Kimiminika kikigeuka gesi hunyonya joto, kopo linapoa hadi linatoka jasho, presha inashuka, nawe unadhani limeisha. Liache robo saa lirudi kwenye joto la hewa, litikise, bonyeza tena. Likiwa halitoi hata mvumo, na ukilitikisa karibu na sikio husikii kitu kikichezacheza, limeisha kwa matumizi ya nyumbani. Kwenye rangi utasikia gololi ikigonga. Hiyo ni ya kuchanganyia rangi, sikiliza kimiminika.

Likinyamaza ukibonyeza lakini bado zito na linachezacheza, halijaisha. Limeziba.

Dawa ya wadudu iishie kwenye kazi yake. Usiipulize hovyo karibu na bwawa la samaki, mfereji au mizinga. Sumu zake nyingi ni za jamii ya pareto zilizotengenezwa kiwandani, na hizo huua samaki na nyuki kwa kiasi kidogo sana.

Fundi_Rangi

Niongeze hapo kwenye kuziba, maana ndiko makopo mengi yanakotupwa yakiwa nusu.

Kinachoziba kwa kawaida ni kile kichwa cha plastiki unachobonyeza, wala si vali iliyo chini yake. Elekeza kopo mbali na uso, kizungushe kichwa ukikivuta juu, kitoke. Cha rangi kiloweke kwenye thina, cha spre ya nywele au povu kiloweke kwenye maji ya moto yasiyochemka, dakika kumi au zaidi. Sindano ruksa kupita kwenye tundu la kichwa kikiwa kimeshatoka. Kwenye kijitundu cha juu ya kopo, hapana kabisa. Pale chini kuna springi na kipira. Ukikichoma, vali haifungi tena, na kopo litavuja hadi liishe, popote litakapokuwa: stoo, kabatini au kwenye buti la gari. Kichwa kikishindikana, jaribu cha kopo jingine la aina hiyohiyo.

Watu wa rangi wanajua kugeuza kopo kichwa chini na kubonyeza sekunde mbili tatu baada ya kazi. Mrija wa ndani unabaki kwenye gesi tupu, na gesi inasafisha njia. Ni sahihi, ila usizidishe. Ukipoteza gesi, rangi itabaki ndani na hakuna cha kuisukuma.

Pia msiweke makopo ya bati kwenye sakafu ya bafu. Huota kutu kwenye ule ukingo wa chini, na Pwani kwenye hewa ya chumvi kutu huenda haraka zaidi. Rafu ya mbao inatosha.

Mama_Usafi

Shimo la taka ndilo linaloniumiza roho. Mtu anachoma majani makavu, mifuko na makopo pamoja, na watoto wamezunguka moto.

Kopo likiwa motoni mambo mawili hutokea kwa pamoja: presha inapanda na ukuta wa chuma unalegea. Kitako kimetengenezwa kikiwa kimebonyea kwa ndani makusudi, ili presha ikizidi kitangulie kutokeza nje. Moto ukiendelea, kopo linapasuka kwenye mshono au kifuniko cha juu kinang'oka. Lenyewe linaruka kama kombora, na gesi iliyobaki inawaka kwa mpigo mmoja. Kwa hiyo ukiokota kopo ambalo kitako kimetokeza nje, jua lilishapata joto la hatari. Usilibonyeze, usilitikise. Lihamishie kivulini mbali na watu lipoe.

Chooni pia hapana. Kwenye choo cha shimo litaoza kwa kutu na kuachia gesi na sumu humohumo. Kwenye mtaro litaishia mtoni au baharini.

Watoto wanaotengeneza magari ya makopo waambiwe kwa jina: kopo la maziwa sawa, kopo la spre hapana. Wanalipiga nyundo na kulikata kwa kisu huku lina mvuke unaowaka.

Chuma_Chakavu

Kaskazi na Mama Usafi wamesema vema. Sasa upande wa kuuza.

Bati na alumini vitenganishe, maana bei zake hazifanani na kwenye tanuru haviendi pamoja. Sumaku ikishika ni bati. Hata bila sumaku unaweza kujua: la bati lina mshono unaopanda ubavuni na ukingo unaogusika kitakoni. La alumini ni kipande kimoja, laini, halina mshono. Makopo mengi ya dawa ya wadudu na rangi ni ya bati, marashi ya mwili mengi ni ya alumini.

Ondoa kifuniko cha plastiki kile kikubwa, kichwa cha kubonyeza kiache mahali pake. Usiliponde. Mpe mnunuzi mkononi na umwambie haya ni ya spre, asiyachanganye kwenye gunia la makopo ya soda. Likiingia kwenye mashine ya kubana likiwa na gesi, anayeumia ni kijana aliyesimama pale.

Mitaani wapo wanaotoboa kwa msumari na nyundo ili mnunuzi aamini ni tupu. Nyie mnasemaje?

Kaskazi

Chuma_Chakavu, kutoboa kwa msumari ndiyo njia mbaya kuliko zote, na hesabu yake ni fupi.

Chukua kopo la ml 400 ambalo asilimia 60 yake ni gesi. Hiyo ni ml 240 za kimiminika. Kila ml 1 ikitoka inakuwa gesi ya ml 230 hivi, kwa hiyo jumla ni kama lita 55. Butani huanza kuwaka ikiwa asilimia 1.8 tu ya hewa. Lita 55 zinatosha kuifanya hewa ya lita 3,000 iweze kuwaka, ambayo ni bafu la mita 1 kwa 1.5 lenye kimo cha mita 2, lote. Kopo lililobaki sehemu moja ya kumi bado linatosha kwa lita 300, pipa moja na nusu. Na gesi hii ni nzito kuliko hewa, butani ni kama mara mbili, hivyo inatambaa sakafuni na kukaa miguuni pako. Hapo ndipo msumari wa chuma unapogonga bati na kutoa cheche.

Kuna mashine za kazi hiyo. Kopo linafungiwa kichwa chini juu ya pipa, linachomwa kwa sindano isiyotoa cheche, uchafu unashuka pipani na mvuke unapita kwenye kichujio cha mkaa. Marekani ilipoyaingiza makopo haya kwenye kundi la taka hatari za kawaida kwa kanuni ya Desemba 2019, iliweka masharti ya mashine kama hizo. Gereji au hoteli kubwa inaweza kuwa nayo. Mtu wa nyumbani amalize gesi kwa kubonyeza tu, basi.

Mafundi wa bati wanaokata makopo kutengeneza vibatari, kama wale wa jua kali Kamukunji, Nairobi, wachague makopo mengine. Kipande cha kopo la dawa ya wadudu kina mabaki ya sumu hata kikikatwa salama.

Mdau_Nyali

Je, lililoharibika vali likiwa bado limejaa? Halibonyezeki, halitoki kitu.

Mama_Usafi

Mdau, hilo ndilo taka hatari hasa. Lisimamishe wima ndani ya ndoo yenye mchanga mkavu, nje ya nyumba, kivulini, penye hewa, mbali na watoto. Andika juu yake "limejaa, vali mbovu". Kwanza jaribu kulirudisha dukani ulikolinunua. Likikataliwa, tafuta kampuni yenye leseni ya taka hatari. Kenya leseni hizo hutolewa na NEMA, mamlaka ya mazingira, Tanzania msimamizi ni NEMC, baraza la mazingira. Kampuni hizo huhudumia zaidi viwanda, hospitali na hoteli, hivyo kopo moja halitawaleta mlangoni. Suluhisho ni kulipitisha mahali ambapo tayari pana mkataba na kampuni hizo, au mtaa kukusanya kwa pamoja. Kenya, Sheria ya Usimamizi Endelevu wa Taka ya 2022 inataka taka zitenganishwe palepale zinapozaliwa, kwa hiyo kamati ya mtaa ina pa kusimamia ikidai chombo cha peke yake.

Mizani_ya_Mizigo

Nihamie kwenye ndege, maana pale kwenye meza ya ukaguzi watu hunyang'anywa vitu bila kuelezwa sababu.

Kwanza ondoeni dhana kwamba kopo hulipuka kwa sababu ya kupanda juu. Hewa ya ndani ya ndege kubwa, pamoja na sehemu ya mizigo, hushikiliwa kwenye kiwango kisichozidi kile cha mlima wa mita 2,400 hivi. Tofauti ya presha yake na ile ya ardhini ni kama robo bar. Kopo linalobeba bar 4 halishtuliwi na hilo. Hata kwenye ndege ndogo za kwenda Mafia au Serengeti, zisizojazwa hewa, tofauti ni ndogo vilevile. Kinachoogopwa ni kuvuja na moto. Mwaka 2017 mamlaka ya anga ya Marekani, FAA, ilifunga kopo moja la shampuu kavu ya kupuliza kwenye laptopu ndani ya sanduku na kuipasha betri joto hadi ikawaka. Kopo lilipasuka ndani ya sekunde 40. Laptopu, simu na pawabenki zisikae pamoja na kopo lolote. Pawabenki hairuhusiwi kabisa kwenye begi la chini, yaani lile unalolikabidhi.

Kanuni ni hizi, nazo ni za kimataifa. Shirika la ndege linaweza kuzikaza, haliwezi kuzilegeza:

Vitu vya mwilini na dawa za matibabu (marashi, spre ya nywele, povu, kikwapa cha kupuliza, shampuu kavu) vinaruhusiwa. Kila chombo kisizidi nusu lita au nusu kilo, na vyote kwa jumla visizidi lita 2 au kilo 2 kwa abiria. Humo humo yanahesabiwa na marashi ya chupa. Kinachohesabiwa ni kilichomo ndani, uzito wa kopo haumo. Kila vali iwe na kifuniko kinachozuia kubonyezwa kwa bahati mbaya.

Mkononi, kwenye viwanja vingi kipimo ni ml 100 kwa chombo, vyote kwenye mfuko mmoja angavu wa lita 1 unaofungika. Kinachosomwa ni namba iliyoandikwa kwenye kopo. Kopo la ml 150 lililobaki kidogo bado ni la ml 150, na ndilo linalokamatwa kuliko yote. Kwa wanaoingia Tanzania: katazo la mifuko ya plastiki lililoanza Juni 1, 2019 liliuacha ule mfuko wa vitu vya mwilini, mradi abiria abaki nao.

Visivyopanda kabisa, chini wala mkononi: rangi ya spre, spre za kulainisha au kusafisha vyuma zenye gesi inayowaka, dawa ya kuulia wadudu yenye gesi inayowaka, gesi ya kujazia viberiti, vikopo vya gesi vya kambini, spre ya pilipili. Anayekwenda kupanda Kilimanjaro apange kupata gesi yake huko Moshi au Arusha.

Spre ya kukipa chumba harufu nzuri nayo inawaponza wengi. Ni ya nyumbani, haipakwi mwilini, hivyo yenye alama ya moto inabaki.

Bi_Forodhani

Kaka Mizani, naomba tofauti ya dawa ya mbu. Wapo wanaoruhusiwa na wapo wanaonyang'anywa.

Mizani_ya_Mizigo

Dada, angalia inapopulizwa. Ya kufukuza mbu, inayopakwa kwenye ngozi, ni kitu cha mwilini, inapita kwa vipimo vile vya juu. Ya kuua mbu, inayopulizwa hewani au ukutani, si ya mwilini, na yenye gesi inayowaka inazuiwa. Mkaguzi anasoma maandishi na alama ya moto, hasikilizi maelezo. Kama unakwenda na watoto, losheni au ya kupaka kwa roli inakuondolea hoja yote.

Na kama umeona wahudumu wa ndege wakipuliza dawa ndani ya ndege, hiyo ni ya kazi hiyo maalumu, na gesi yake ni isiyowaka.

Inhela ya pumu kaa nayo mkononi siku zote, na lebo yake yenye jina la mgonjwa. Usiiweke begi la chini. Ikiisha nayo isichomwe, ni kopo lenye presha kama mengine.

Kariakoo_Jumla

Kwa wanaoleta marashi ya mwili kutoka Dubai kwenye begi: kopo la ml 200 mara kumi ni lita 2, kikomo umekigusa, na hapo hujahesabu marashi ya chupa. Kumgawia mwenzako wa safari inahesabika kwake, ila kanuni ni ya vitu vya abiria mwenyewe. Katoni la kuuza ni mzigo wa biashara.

Mzigo wa biashara una jina lake: UN1950, ndiyo namba ya makopo ya spre duniani kote. Vifurushi vidogo vilivyopakiwa kwa kanuni hubeba alama ya mraba uliosimama kwa pembe, pembe ya juu na ya chini nyeusi, katikati nyeupe. Vya ndege huwa na herufi Y katikati. Mwambie wakala wako kilichomo. Anayeandika "nguo" juu ya katoni lenye marashi anamficha rubani moto. Kwa meli ni nafuu na kuna nafasi, lakini tamko linabaki lilelile, na katoni lipangwe mbali na ukuta wa kontena unaopigwa na jua.

Dereva_Masafa

Barabarani sasa. Gari lililofungwa vioo juani, dashibodi inaweza kupita nyuzi 70. Kopo pale juu ni bomu kwa maana halisi. Hata la kusafishia dashibodi yenyewe. Liweke kwenye buti, wima, ndani ya boksi lisiloyumba, na ukifika lishushe.

Kwenye Hiace injini iko chini ya viti vya mbele, na sakafu ya pale hupata moto. Begi lenye marashi lisikae hapo. Kwenye basi la mkoani, katikati ya begi, limezungukwa na nguo, kifuniko kimefungwa kwa utepe. Kifuniko kikipotea, ng'oa kile kichwa cha kubonyeza ukiweke pembeni. Vali bila kichwa ni ngumu kubonyezwa na viatu.

Pikipiki: msifunge kopo kwenye keria karibu na ekzosi.

Ughaibuni_Leo

Kwa walio nje: Uingereza, halmashauri nyingi hupokea kopo tupu pamoja na vyuma vya kurejelezwa. Ujerumani tupu huenda kwenye pipa au mfuko wa njano, lenye kitu ndani hupelekwa kituo cha taka hatari. Marekani inategemea mji. Lisiloisha lina siku au kituo chake cha taka hatari za nyumbani, na ukurasa wa mji husema.

Spre ya pilipili Uingereza ni silaha iliyopigwa marufuku chini ya kifungu cha 5 cha Sheria ya Silaha ya 1968. Usisafiri nayo hata kama ulikotoka inauzwa dukani.

Bi_Forodhani

Na ukifungua begi ukakuta limevuja, au stoo inanuka?

Kaskazi

Dada, usiguse swichi, si kuwasha wala kuzima. Zima moto wa jiko kama jiko liko mbali na harufu. Fungua milango kwanza, kisha madirisha, kwa sababu gesi iko chini na mlango ndio unaofika sakafuni. Kama una ufagio au kipande cha boksi, pepea kuelekea nje ukianzia sakafuni. Begi litoe nje, lifungue huko, nguo zianikwe kabla ya kuingia tena.

Kimiminika kikikugusa ngozi hugandisha kama barafu. Mwagia maji ya uvuguvugu, usisugue. Dawa ikiingia jichoni, suuza kwa maji safi yanayotiririka dakika 15 huku jicho limefunguliwa, kisha hospitali na kopo au picha ya lebo yake, daktari aone ni sumu gani.

Kopo likiwa karibu na moto na hulifikii, kaa nyuma ya ukuta na ulimwagie maji kwa mbali lipoe. Usiende kulitoa kwa mkono.

Na jambo la kuwapulizia mende dawa, kwa kuwa limeulizwa faragha: usimalize kopo zima chini ya friji au nyuma ya jiko la gesi. Friji hutoa cheche inapojiwasha. Chomoa friji, funga mtungi, toa paka na samaki wa kufugwa au funika tangi lao na uzime pampu ya hewa, puliza sekunde chache kwa kila kona, funga chumba kwa muda ulioandikwa kwenye kopo, kisha fungua hewa ipite kabla ya kurudisha umeme.